SAYYID ABDALLAH BIN ALI BIN NASIR: MSHAIRI ALIYEUSOMESHA MOYO WAKE KWA MAGOFU YA PATE

 

Katika mwezi huu mtukufu tumezoea kusoma maisha ya maswahaba na maimamu wakubwa, na ni jambo zuri. Lakini hebu tujiulize: je, sisi watu wa Afrika Mashariki hatuna wetu? Hivi mpaka tuvuke bahari ndipo tumpate mja mwema wa kusoma habari zake? Wako, tena wengi. Leo nataka nikupeleke kwa mmoja wao, mtu wa hapa hapa Kenya, wa kisiwa cha Pate katika Kaunti ya Lamu. Huyu ni Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir, aliyetunga utenzi wa Al-Inkishafi. Ukimaliza kusoma, inshaallah utaona kwamba mtu huyu aliyekufa karibu miaka mia mbili iliyopita anakujua wewe wa Majengo, Kariobangi na Kayole kuliko unavyodhani.

ALIKUWA NANI?

Sayyid Abdallah alikuwa sharifu, yaani mtu wa kizazi cha Mtume (S.A.W.). Ukoo wake ni ule wa Sheikh Abu Bakr bin Salim, walii mashuhuri wa mji wa Inat huko Hadhramaut, Yemen, aliyefariki mwaka 1584. Inasimuliwa kwamba watu wa Pate walipozidiwa na maadui walituma ujumbe kwa sheikh huyo kuomba dua, na baadaye wanawe wakavuka bahari wakaja kuishi Pate. Kwa hivyo mwanzo wa habari ya mshairi wetu ni safari. Wazee wake walipanda jahazi wakati wa upepo wa kaskazi, wakaiacha nchi ya milima mikavu na mabonde ya mitende, wakashuka kwenye kisiwa cha mikoko na mchanga. Hawakurudi. Walioa hapo, wakasomesha hapo, wakazikwa hapo. Baada ya vizazi kadhaa watoto wao walikuwa Waswahili wanaoota ndoto kwa Kiswahili.

William Hichens, Mwingereza aliyeuchapisha utenzi wake, alikadiria kwamba Sayyid Abdallah aliishi kati ya mwaka 1720 na 1820. Hiyo ni karne nzima, na huenda hesabu imevutwa kidogo, lakini inatosha kutuonyesha zama zake. Aliishi wakati jua la Pate lilipokuwa linatua. Alikuwa mwanachuoni aliyeijua Qur'ani na lugha ya Kiarabu, na alikuwa fundi wa ushairi. Mbali na Al-Inkishafi, anajulikana pia kwa Takhmisi ya Liyongo. Takhmisi ni kazi ngumu: unachukua ubeti wa zamani wa mtu mwingine wenye mistari miwili, unaongeza mitatu ya kwako juu yake iwe mitano, na vyote vilingane vina na mizani kana kwamba vilitoka kinywa kimoja. Yeye aliifanya kwa mashairi yanayonasibishwa na shujaa Fumo Liyongo. Mtu wa kazi hiyo si mtu wa kubahatisha maneno.

PATE ILIKUWA MJI WA AINA GANI?

Ndugu msomaji, ukisikia Pate leo pengine unafikiria kijiji cha mbali, na kweli ni mbali. Kutoka Lamu unapanda boti, unapita kwenye mkondo mwembamba katikati ya mikoko, na ni lazima ungoje maji yajae, maana yakitoka boti inakwama. Unateremka Mtangawanda, kisha unashika njia ya mjini kwa miguu au kwa chombo chochote utakachobahatika kukipata. Ukifika unakuta mji mdogo wa nyumba za mawe na za udongo, na pembeni yake kuta zilizobomoka ambazo katikati yake watu wamelima tumbaku.

Lakini zamani, hasa katika karne ya 17 na ya 18, Pate ilikuwa miongoni mwa miji mikubwa ya pwani yetu. Ilitawaliwa na masultani wa ukoo wa Nabahani, ambao asili yao inasimuliwa kuwa ni Oman. Pate walifuma vitambaa vya hariri vilivyotamaniwa pwani nzima. Majahazi yalikuja na kaskazi yakarudi na kusi, yakileta vyombo vya kaure kutoka China na nguo kutoka Bara Hindi, yakipakia pembe za ndovu, boriti za mikoko na bidhaa nyingine. Nyumba za matajiri zilijengwa kwa matumbawe na chokaa, na ndani ukutani mlichongwa safu za zidaka, yaani vile vijishubaka vya kuwekea vyombo vya kaure ili mgeni akiingia aone neema ya mwenye nyumba.

Ilimu pia ilikuwepo. Mwaka 1728, Mwengo bin Athumani alitunga Utenzi wa Tambuka huko huko Pate, na unahesabika kuwa katika tenzi kongwe kabisa za Kiswahili tulizo nazo. Sayyid Aidarus bin Athman, ambaye naye ni mtu wa Pate, aliitafsiri Hamziyya ya Imam Busiri kwa Kiswahili. Bibi Mwana Kupona binti Mshamu, aliyemtungia bintiye utenzi wa wasia mwaka 1858, pia ni mzaliwa wa Pate. Kisiwa kidogo, lakini ushairi wake umetulisha sote mpaka leo.

Basi ni nini kilichoiangusha Pate? Wareno waliisumbua kwa muda mrefu. Baadaye Waomani nao wakataka kauli. Biashara nayo ikahamia polepole Lamu na Unguja. Lakini jeraha lililochimba zaidi lilitoka ndani. Watu wa nyumba moja waligombania kiti, mji ukapigana na mji jirani, na fitna ikawa chakula cha kila siku. Mnamo miaka ya 1812 hadi 1814 Pate ikaungana na Wamazrui wa Mombasa kwenda kuipiga Lamu, wakashindwa vibaya katika vita vya Shela. Inasimuliwa kwamba walipokimbilia ufukweni walikuta maji yametoka na vyombo vyao vimekaa juu ya mchanga. Waislamu kwa Waislamu, ndugu kwa ndugu, walichinjana pale. Baada ya siku ile Pate haikuinuka tena kama zamani.

Wataalamu wengi huuweka utenzi wa Al-Inkishafi mwanzoni mwa karne hiyo ya 19. Kwa hivyo Sayyid Abdallah hakuwa akibuni magofu. Aliyaona kwa macho yake. Tena hakuwa mtalii aliyekuja kupiga picha akaondoka. Zile nyumba alizijua kwa majina ya wenyewe.

WASHAIRI WA KALE NA MAGOFU

Ukisoma ushairi wa Kiarabu wa zama za Jahiliyya, zile Mu'allaqat ambazo baadhi yetu tulizisikia kwa maustadhi, utakuta desturi moja. Mshairi yuko safarini jangwani juu ya ngamia. Anafika mahali ambapo kabila la mpenzi wake lilipiga kambi zamani. Hakuna mtu. Kuna majivu baridi, mawe ya jiko, na alama za mahema zilizofutwa na upepo. Mshairi anasimamisha msafara, analia. Imru' al-Qays ndiye aliyepata sifa kubwa kwa mtindo huo, na baada yake mamia waliufuata. Halafu anapanda tena ngamia, anaelezea njia, mvua, wanyama na umeme wa usiku. Ule ndio ushairi wa safari na mandhari wa mwanzo kabisa katika lugha ya Kiarabu.

Uislamu ulipokuja haukuwakataza watu kutazama magofu. Uliwabadilishia swali. Qur'ani inatuamrisha mara nyingi tutembee katika ardhi tuangalie ulikuwaje mwisho wa waliokuwa kabla yetu, waliokuwa na nguvu kutushinda na majengo makubwa kuliko yetu. Yaani safari ni darsa na gofu ni mwalimu. Mshairi wa Jahiliyya alipofika kwenye gofu aliuliza: mpenzi wangu yuko wapi? Mshairi Muislamu anauliza: na mimi nitakuwa wapi?

Sayyid Abdallah alirithi njia zote mbili. Alisimama kama Waarabu wa kale walivyosimama, lakini aliuliza swali la Qur'ani, na aliliuliza kwa Kiswahili cha kwao. Utamu wa kazi yake unatoka hapo.

NDANI YA UTENZI

Neno inkishafi ni la Kiarabu, na maana yake ni kufunuka, jambo lililositirika kudhihiri. Utenzi una beti sabini na kitu. Kila ubeti una mistari minne, na kila mstari una mizani kumi. Mistari mitatu ya mwanzo ina kina kimoja, na wa nne unabeba kina kinachorudi toka ubeti wa kwanza mpaka wa mwisho, kama kengele inayogonga pale pale. Lugha ni Kiswahili cha kaskazini, cha Pate na Lamu, kwa hivyo kijana wa Nairobi atahitaji msaada kidogo. Usiogope hilo. Tunahitaji msaada kwa Kiarabu pia na bado tunasoma.

Anaanza kwa jina la Mwenyezi Mungu na kumsalia Mtume, maswahaba na ahli zake. Anasema anataka kutunga lulu za maneno kwenye uzi. Kisha anageuka. Unadhani atawageukia nani? Walevi? Vijana wasioswali? La. Anaugeukia moyo wake mwenyewe. Anauita, anauuliza kwa nini hauzinduki, ni kitu gani kinachoudanganya. Anasema nao kama mzazi anayesema na mtoto mkaidi anayempenda.

Halafu anauonyesha moyo dunia ilivyo, na vielelezo vyake vyote anaviokota katika mandhari ya kwao. Dunia ni bahari yenye dhoruba na miamba, na anayeipanda ajue iko siku itamvunjia chombo. Mtu wa Pate alielewa mara moja, maana kila nyumba ilikuwa na mtu aliyeliwa na bahari. Dunia ni kisima, lakini kando yake yupo ng'ombe dume mkali, ukiinama kunywa anakupiga pembe. Dunia ni mangati, yale maji ya uongo yanayometameta mchana wa jua kali: mwenye kiu anayakimbilia, akifika hakuna kitu. Dunia ni zile chembe za vumbi zinazoonekana kwenye mwale wa jua uliopenya dirishani: zinang'aa, lakini zikamate uone kama mkono wako utapata chochote. Uhai wa mtu ni taa iliyo kwenye upepo: huwezi kuikinga, ikizimika imezimika.

Hebu tazama tena hiyo orodha. Bahari, kisima, jua, vumbi, upepo. Hakuna hata kimoja ambacho mtu wa kawaida hajakiona. Hakumpeleka msomaji mbali. Alimwambia angalia ulipo.

Kisha anaingia mjini, na hapa ndipo ngozi inaposisimka. Kwanza anatuonyesha matajiri wa Pate walipokuwa hai. Walitembea shingo upande kwa majivuno. Nyumba zao ziliwaka taa za fuwele na shaba usiku ukawa kama mchana. Zidaka zilijaa kaure. Walilala juu ya vitanda vya kuchongwa, magodoro laini, mito kichwani na miguuni, wakipepewa na kunyunyiziwa marashi. Mshairi hana chuki nao. Anawaelezea vizuri mpaka unatamani ungekuwepo.

Halafu mauti yanapita. Wale wale wanalala katika nyumba nyembamba ya mchanga ambayo haina godoro wala mto, na wadudu wanafanya kazi yao.

Kisha anarudi kwenye majumba yao yaliyobaki. Ni kimya. Juu darini wananing'inia popo. Kwenye zidaka zilizokaa kaure ndege wa mwituni wameweka viota na makinda. Bundi analia ndani ya chumba. Buibui ametandika nyavu zake mahali pa mapazia. Panya, mende na nyenje wamekuwa ndio wenyeji, na uani pameota miba na magugu. Mtu akipita mlangoni anaogopa kuingia, ule upweke na giza vinamtisha.

Ndugu yangu, sikia jambo hili. Mshairi hakusema kwamba watu walikufa na nyumba zikavunjika, basi. Alisimama mbele ya kila kitu kimoja kimoja akaonyesha nani amehamia. Mandhari ya magofu kwake si mahali patupu, ni mahali palipobadilisha wapangaji.

Baada ya hapo anaanza kuita majina. Wako wapi masultani wa Pate? Wako wapi mawaziri, makadhi, wanavyuoni? Wako wapi mabibi waliokuwa pambo la mji? Anawataja jamaa kwa majina, na miongoni mwao yumo Ali bin Nasiri, jina lile lile la baba yake. Hapo unajua si mtu anayetoa mawaidha kwa mbali. Anaita na hakuna anayeitika. Kisha anauambia moyo wake: na wewe utaitwa vivyo hivyo. Anaufikisha hadi kwenye habari za Kiyama na moto, bila kuficha.

KWA NINI ALIANZA NA MOYO WAKE?

Hapa ningependa tutue kidogo, maana naona ndipo penye faida kubwa ya maisha ya mtu huyu.

Sayyid Abdallah alikuwa na kila sababu ya kuwanyooshea watu wengine kidole. Yeye ni sharifu na ni mwanachuoni, na mji umeanguka kwa fitna za wakubwa. Angeweza kutunga utenzi wa kuwalaumu masultani, au wa kuwalaumu watu wa Lamu, na angeshangiliwa. Washairi wa zama zake walifanya hivyo. Kule Mombasa alikuwepo Muyaka bin Haji, aliyefariki mwaka 1840, mshairi hodari aliyetumia tungo kutetea mji wake na Wamazrui na kujibizana na wapinzani. Hiyo nayo ni kazi, na ushairi wa Muyaka ni hazina yetu. Lakini Sayyid Abdallah alichagua njia nyingine. Katika magofu yale yote aliona gofu moja lililo karibu naye zaidi, nalo ni moyo wake mwenyewe ukiachwa bila dhikri. Nyumba ya mawe ikikosa watu inaingiliwa na popo. Je, moyo ukikosa kumkumbuka Mungu, unaingiliwa na nini?

Wengine wanasema utenzi huu unakatisha tamaa, eti unawafanya watu wachukie kazi na maendeleo. Sikubaliani. Mtu aliyekata tamaa hahesabu mizani kumi kila mstari kwa zaidi ya mistari mia tatu. Mtu aliyeichukia dunia hakumbuki rangi ya taa na harufu ya marashi. Sayyid Abdallah aliupenda mji wake, na ndiyo maana aliulilia. Alichokataa ni kudanganywa nao. Mtume (S.A.W.) alitufundisha tuishi hapa duniani kama mgeni au mpita njia. Mpita njia hachomi moto kijiji anachopita. Anakitendea wema, anajaza mtungi wake, lakini hasahau anakokwenda.

UTENZI NAO ULISAFIRI

Sayyid Abdallah hakuacha majumba tunayoyajua wala mali tunayoweza kuihesabu. Aliacha karatasi, na nazo zingeliwa na mchwa kama si watu walionakili kwa mkono, kwa khati za Kiarabu, kizazi baada ya kizazi. Mmoja wao ni Muhamadi Kijuma wa Lamu, fundi wa khati na wa kuchonga mbao, aliyefariki mwaka 1945. Nakala zake ziliwafikia wataalamu wa Ulaya. Tafsiri ya W. E. Taylor ilitoka mwaka 1915 ndani ya kitabu cha Stigand kuhusu lahaja za Kiswahili, na mwaka 1939 Hichens akachapisha utenzi mzima London. Mwaka 1977 James de Vere Allen aliutoa tena hapa Nairobi, na mwaka 1999 Profesa Mulokozi akautia katika kitabu cha Tenzi Tatu za Kale kilichochapishwa Dar es Salaam.

Kwa hivyo kazi ya mtu mmoja wa Pate imevuka bahari kama wazee wake walivyovuka, ikarudi, ikafika mjini kwetu. Je, imefika mtaani kwetu? Hapo ndipo penye swali.

SISI WA EASTLANDS TUNA PATE YETU

Pengine unasema: mimi si mtu wa pwani, haya yanahusu nini? Sikiliza basi.

Nairobi ilianza mwaka 1899 reli ilipofika. Waislamu walikuwa miongoni mwa wakaazi wake wa mwanzo: wapagazi, askari, wafanyibiashara, Waswahili na Wanubi, na wenyeji waliosilimu. Walijenga vijiji vyao: Pangani, Mji wa Mombasa, Maskini, Kaburini. Mlikuwa na misikiti, vyuo, maulidi na ngoma za harusi. Viko wapi leo? Serikali ya kikoloni ilivivunja kimoja baada ya kingine. Pumwani ikaanzishwa mwanzoni mwa miaka ya 1920 ili watu wahamishiwe huko. Pangani yenyewe ilibomolewa mwishoni mwa miaka ya 1930 na wengi wakapelekwa Shauri Moyo. Jina hilo unalitaja kila siku ukipanda matatu, lakini ndani yake mna kilio cha watu waliotolewa makwao.

Na mpaka karibuni tumeshuhudia. Baada ya mafuriko ya mwezi wa Aprili 2024, nyumba nyingi za kando ya mito huko Mathare na Mukuru zilibomolewa kwa matingatinga. Soko la Gikomba limeungua mara nyingi hata watu hawahesabu tena. Pale palipokuwa na nyumba ya udongo ya bibi huko Majengo leo pana gorofa, na hakuna anayejua mlango ulikuwa upande gani.

Tofauti yetu na Pate ni moja. Pate ilikuwa na mtu aliyesimama akatazama akaandika. Sisi kwa Pangani yetu tuna nini? Wazee walioishi Pangani tumeshawazika karibu wote. Watoto wao wapo, wamekaa kwenye mabaraza ya misikiti yetu baada ya Alasiri, na sisi tunapita na simu masikioni. Kila mmoja wao akiondoka, nyumba nyingine inabaki na popo.

Tena kuna lile jambo la fitna. Pate haikuuawa na bahari. Iliuawa na watu wanaoswali kibla kimoja waliokataa kusikilizana. Msomaji, wewe mwenyewe waijua mitaa yetu. Unajua misikiti ambayo kamati zake hazisalimiani, na vikundi vya vijana vinavyozozana juu ya mambo ambayo maimamu wakubwa walihitilafiana kwa heshima. Tukiendelea hivyo, misikiti yetu inaweza kubaki na zulia jipya na mataa mazuri bila watu ndani, na hilo ndilo gofu baya zaidi.

TUFANYE NINI?

Kwanza, tutafute utenzi wenyewe. Unapatikana katika maktaba za vyuo vikuu, na wanaojua lahaja za kaskazini wapo hapa Nairobi. Baada ya tarawehe, badala ya kukaa maskani mpaka daku tukipiga soga, tusome beti tano tano na mtu mmoja anayejua Kiamu atufafanulie. Kwa mwendo huo, usiku kumi na sita tu tumeumaliza wote.

Pili, twende kwa wazee na daftari. Muulize babu: mlihamishwa kutoka wapi? Msikiti wa kwanza ulikuwa wapi? Nani alisomesha? Andika majina, kama Sayyid Abdallah alivyoyaandika ya kwao. Kumwandika mtu jina lake ni kumzuia asipotee kabisa.

Tatu, tuzuru makaburi. Mtume (S.A.W.) alituhimiza tuyazuru kwa sababu yanakumbusha Akhera. Ukifika makaburini, zima simu. Simama kama yule sharifu alivyosimama mbele ya mlango wa jirani yake, halafu uulize moyo wako mwenyewe, usiuulize wa mtu mwingine.

Na nne, upatanishe. Kama kuna ndugu mliyenuniana, Ramadhani isiishe kabla hujamtolea salamu. Tukumbuke vyombo vilivyokaa juu ya mchanga pale Shela. Maji yakishatoka hayakungoji.

Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir aliingia kaburini zamani, na mji alioulilia umebaki kuta na tumbaku. Moyo aliokuwa akiusomesha umekwisha kupewa majibu yake. Sisi bado tuna nafasi, tena katika mwezi ambao milango ya rehema imefunguliwa. Tunamuomba Mwenyezi Mungu amrehemu yeye na wazee wetu wote waliotangulia, wa Pate, wa Pangani na wa Pumwani, azijaze nyoyo zetu dhikri zisiwe nyumba tupu, na atujaalie tuwe wenye kusikia kabla ya kuitwa. Amin.

Wallahu a'lam. Ramadhan Karim.